Nyumba Tatu na Kipenu

Milioni sitini, alisema kijana wa benki,
kidole chake kikiteremka kwenye jedwali.
Miaka ishirini, riba kumi na tano kwa mia.
Kila mwezi laki saba na elfu tisini
na shilingi sabini na tatu.
Zile sabini na tatu ndizo zilizonilaza:
anayehesabu mpaka sumni, nikasema, huyu hafichi kitu.

Makame akatia saini. Na mie nikatia,
kwa kalamu iliyofungwa kamba
isije ikaibiwa.

Kazini nahesabu damu za watu,
chembe moja moja chini ya darubini.
Hii ya kwangu niliiona ndefu.
Nimeizidisha juzi, umeme ulipokatika,
nyuma ya kalenda ya mwaka jana, kwa tochi ya simu:
miezi mia mbili na arobaini.
Ikatoka milioni mia moja themanini na tisa, na ushei.
Nikarudia, ikatoka ile ile.

Nyumba tatu na kipenu, Makame.
Tunajenga nyumba tatu na kipenu
na tunalala katika moja.

Tangu hapo hizo mbili nazisikia.
Ziko hapa hapa Fuoni, baina ya ukuta wetu na wa kina Mize,
pale pasipopita hata kuku.
Moja ina milango ya mninga.
Ndani yake yamo macho ya mama yanayongoja operesheni,
ada ya skuli ya Raya,
na zamu zako za usiku bandarini, zimepangwa ukumbini kama viti vya maulidi.
Nyengine sijathubutu kuingia, nachungulia tu.
Taa inawaka. Tumo sisi wawili, wenye mvi,
tunagombana kuhusu tarehe ishirini na tano.

Bi Mkubwa alituambia twende dirisha la pili,
wale wasiosema riba, wanaosema faida.
Sijui kwao kungekuwa rahisi kiasi gani.
Ila wao bei yote wanakutajia siku ya kwanza,
na mtu akizimia, azimie mapema.

Leo nimeiangalia risiti ya mwanzo.
Laki saba na nusu imekwenda kwa riba.
Nyumba imepata elfu arobaini.
Matofali ishirini!
Mwezi mzima wa mimi na wewe
ni matofali ishirini, bila ya saruji ya kuyashikia.
Na baada ya miaka kumi,
tukishatoa milioni tisini na nne,
deni litakuwa arobaini na tisa.
Nilidhani haba na haba ni methali yetu;
kumbe benki wanaisoma vile vile,
wao wameshika kibaba.

Usinune. Nimekisoma na kifungu cha kumi na moja,
kile cha maandishi kama mchwa.
Mkopaji anaweza kuzidisha malipo, bila ya faini.
Hakuna aliyetuambia. Wala hakuna aliyekataza.
Nikaongeza laki moja kila mwezi, nikapiga upya:
miaka saba na nusu inakatika,
milioni hamsini na saba zinabaki mkononi.
Nyumba nzima, kasoro choo.

Utauliza laki itoke wapi.
Sare za harusi mwaka huu sishoni,
watanisema, na waseme.
King'amuzi tukirudishe, mpira utauona kwa Khatibu
kama ulivyokuwa ukiuona zamani, na ukifurahi zaidi.
Iliyobaki utaitafuta wewe, nami sitakuuliza umeiacha sigara lini.

Kesho sina zamu. Nakwenda mjini asubuhi
na laki ya kwanza ndani ya bahasha ya maabara.
Ukisikia kishindo upande wa kina Mize
usitoke nje kutazama.
Ni mimi, nabomoa.